Je, Wajua? Moyo wa Massimo Troisi

Je, wajua kwamba mmoja wa wachekeshaji waliopendwa zaidi nchini Italia aliishi miaka 41 tu, na kwenye sinema alidumu miaka 13? Huyo ni Massimo Troisi. Alizaliwa tarehe 19 Februari 1953 katika mji wa San Giorgio a Cremano, chini ya mlima wa volkano wa Vesuvio, jirani kabisa na Napoli. Alifariki tarehe 4 Juni 1994. Filamu zake nimezitazama mara nyingi, na kila nikizirudia naona hadithi yake yote inaanzia mahali pamoja: kifuani, upande wa kushoto.

Je, wajua kwamba uso wake ulitangaza biashara kabla hajajua kutamka "mama"? Mama yake, Elena, aliipelekea kampuni ya maziwa ya unga ya Mellin picha ya mwanawe mchanga, nayo ikatumiwa kwenye tangazo.

Baba yake, Alfredo, alikuwa mfanyakazi wa reli. Watoto walikuwa 6, Massimo kitindamimba. Nyumba ilikaliwa na watu zaidi ya 15: wazazi, babu na bibi, ndugu wa ukoo na watoto wao. Aliyekulia nyumba ya namna hiyo anajua kwamba ukitaka kusikilizwa wakati wa kula, sharti uwe na la kusema.

Je, wajua kwamba kilichomuua kilianza utotoni? Akiwa mtoto aliugua homa ya baridi yabisi. Ugonjwa huu huanza kama jambo dogo. Koo linauma, mafindofindo yamevimba, mtoto anakataa chakula. Vijidudu vya koo visipotibiwa ipasavyo, kinga iliyoinuka kupambana navyo huweza kugeuka ikaushambulia mwili wenyewe. Viungo huvimba. Vali za moyo, vile vilango vinavyoiachia damu ipite upande mmoja tu, hupata makovu. Baadaye homa huisha, magoti hupoa, mtoto hurudi uwanjani kucheza, lakini makovu hubaki palepale. Kwa Troisi iliyoharibika ilikuwa vali ya mitrali, iliyo kati ya chumba cha juu na cha chini katika upande wa kushoto wa moyo.

Naomba msomaji asiipite aya hiyo haraka. Ulaya ugonjwa huu umekuwa nadra, lakini kwetu bado upo, na pale Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, Dar es Salaam, wanafikishwa vijana ambao vali zao zimeharibika kwa njia hiihii. Dawa inayoweza kuuzuia mwanzoni ni penisilini, dawa ya zamani na ya bei nafuu. Mtoto mwenye homa na koo linalouma apelekwe kituo cha afya. Kusukutua kwa maji ya chumvi peke yake hakutoshi.

Je, wajua kwamba Troisi alisomea upimaji wa ardhi na majengo, akapata na diploma yake? Ila jioni zake zilikuwa za jukwaani. Alianza na michezo ya Pulcinella, yule mchekeshaji wa kale wa Napoli mwenye barakoa nyeusi na vazi jeupe pana, kwenye ukumbi wa kanisa la mtaani kwao. Baadaye yeye na wenzake waliigeuza gereji ya zamani kuwa ukumbi wa maonyesho.

Mwaka 1976, akiwa na miaka 23, alipanda ndege kwenda Houston, Marekani, kufanyiwa upasuaji wa vali. Mshahara wa reli usingeitosheleza safari ile. Watu walichanga, na gazeti la Napoli, Il Mattino, likasaidia kukusanya fedha. Hivyo basi, kabla Italia haijamjua kama msanii, wapo watu wa Napoli waliokuwa wameshatoa pesa zao ili moyo wake uendelee kupiga.

Mwaka uliofuata alikuwa kwenye televisheni.

Je, wajua maana ya La Smorfia, jina la kundi lake la watu 3, yeye na Lello Arena na Enzo Decaro? Neno lenyewe linaweza kuwa na maana ya kukunja uso. Lakini mtu wa Napoli akilisikia hukumbuka kwanza kitabu cha kutafsiri ndoto kwa namba za bahati nasibu. Kila kitu unachoweza kukiota kina namba yake: hofu ni 90, maiti ni 47, na maiti anayezungumza ni 48. Mtu akiota marehemu baba yake anamsemesha, asubuhi anajua namba ya kucheza. Watu maskini wa mji ule wamekitumia kitabu hicho kwa vizazi na vizazi, na vijana hawa 3 wakaufanya umaskini huo, na matumaini yake, kuwa kiini cha vichekesho vyao.

Walitokea kwenye kipindi cha Non stop cha shirika la utangazaji la RAI mwaka 1977. Kichekesho kimoja chao bado kinarudiwa hadi leo. Malaika anamshukia mwanamke kumpa habari njema kwamba atamzaa Masiha, ila amekosea nyumba. Aliyemkuta ni mke wa mvuvi, fukara, na aliyemwigiza mke huyo ni Troisi mwenyewe, amejitanda mtandio kichwani. Malaika anapaza sauti ya mbinguni. Mama wa watu anamjibu kwa shida zake za nyumbani. Katika kichekesho kingine, wanaume wawili wanasali mbele ya mtakatifu mlinzi wa Napoli, San Gennaro, kila mmoja akiomba neema kwa kumsukuma mwenzake kando. Ni kicheko cha watu wanaomwamini kweli yule wanayemlilia, na kwa sababu hiyo hakikuwadhalilisha.

Je, wajua kwamba Troisi hakuwahi kukiacha Kinapoli? Televisheni ya taifa ilitumia Kiitaliano sanifu. Yeye aliongea kama alivyoongea kwao, tena kwa namna yake ya pekee: anaianza sentensi, anaiacha njiani, anaokota nyingine, anarudi kuitafuta ile ya kwanza, macho chini, mkono hewani. Watu wa kaskazini mwa nchi yapo maneno yaliyowapita, na bado walicheka. Fikiria msanii wa Lamu anayesimama mbele ya kamera za Nairobi au Dar es Salaam akazungumza Kiamu cha nyumbani kwao, asijibane aseme kama msomaji wa taarifa ya habari, na nchi nzima ikamtegea sikio. Mimi naona hapo ndipo palipo ukubwa wake. Wachekeshaji wengi wa mikoani huuza lafudhi zao ili wachekwe. Lafudhi ya Troisi ilikuwa njia yake ya kufikiri, na alipokwama kwenye neno, ulimwona akilitafuta kweli.

Filamu yake ya kwanza, Ricomincio da tre, ilitoka mwaka 1981. Aliiandika pamoja na Anna Pavignano, akaiongoza, akaiigiza. Mwaka huohuo ilipata tuzo ya David di Donatello ya filamu bora, na yeye akapata ya mwigizaji bora. Alikuwa na umri wa miaka 28.

Jina la filamu lina maana ya kuanza upya kuanzia 3. Gaetano, kijana wa Napoli, anaondoka kwao kwenda Firenze na anataka kuanza maisha upya, lakini siyo kutoka sifuri. Kuna mambo 3 yaliyomwendea vizuri maishani, kwa nini ayatupe? Huko aendako, kila anayesikia anatoka Napoli anadhani amekuja kutafuta kazi. Kwao, mtu wa Napoli hasafiri, huhama tu kwa njaa. Gaetano anaeleza, tena na tena, kwamba yeye anatembea tu, anataka kuona. Haaminiki.

Na je, wajua mazungumzo ya mwisho ya filamu hiyo yanahusu nini? Jina la mtoto. Marta, mpenzi wake, ana mimba, na baba wa mtoto huenda ni mwanamume mwingine. Gaetano ameamua kubaki. Wanazungumzia jina, na Marta anapendekeza Massimiliano. Gaetano anakataa: jina refu hivyo litamharibu mtoto, maana mama akianza kuita, kabla hajafika silabi ya mwisho mtoto ameshatoroka. Afadhali Ugo, ukiita tu amesimama. Kisha anamwonea huruma, Ugo ni kumbana mno, mtoto apumue kidogo. Basi aitwe Ciro. Mama yeyote wa uswahilini aliyewahi kumwita Abdulrahmani aliyekwisha kukata kona, akatamani angemwita Ali, ataielewa hoja hiyo papo hapo. Ndani ya mzaha huo mna mwanamume aliyekubali kuwa baba wa mtoto asiye na hakika naye, na hakuna mahali anapotoa hotuba.

Mwaka 1982 Troisi alikufa mara mbili mbele ya watazamaji. Katika filamu No grazie, il caffè mi rende nervoso alijiigiza yeye mwenyewe, akauawa. Na kwenye televisheni alitengeneza kipindi kilichojifanya makala ya maombolezo yake, Morto Troisi, viva Troisi!, ambamo marafiki zake, akiwemo Roberto Benigni, wanamzungumzia kama marehemu. Alikuwa bado hajafika miaka 30. Sidhani mtu aliyepasuliwa moyo ujanani angeufanyia kifo mzaha wa aina hiyo kwa bahati tu.

Filamu yake ya pili aliiita Scusate il ritardo, "samahani kwa kuchelewa." Ilikuwa mwaka 1983, miaka 2 baada ya ile ya kwanza.

Je, wajua kwamba yeye na Benigni walijaribu kumzuia Christopher Columbus? Ndivyo inavyosimulia filamu yao ya mwaka 1984, Non ci resta che piangere. Mwalimu na mhudumu wa shule wanapotea njia, wanalala, wanaamka wakiwa karne ya 15. Mwalimu ana dada aliyevunjwa moyo na Mmarekani, kwa hiyo anaona dawa ni moja: kuwahi Hispania na kuhakikisha Marekani haigunduliwi. Njiani wanakutana na Leonardo da Vinci, wanahangaika kumfundisha kipimajoto, treni na mchezo wa karata. Kipaji kikubwa kile kinaonekana hakielewi lolote. Kumbe ameelewa: mwishoni mwa filamu inatokea treni, nao wanakimbia wakidhani wamerudi nyumbani, na dereva ni Leonardo. Nikikumbuka kwamba Troisi alilelewa kwa mshahara wa reli, tukio hilo hunigusa zaidi.

Je, wajua alichosema kuhusu Afrika? Mwaka 1987 timu ya Napoli, ikiwa na Diego Maradona, ilitwaa ubingwa wa Italia kwa mara ya kwanza. Kaskazini mwa nchi mashabiki wenye chuki walikuwa wakiwaita watu wa Napoli "Waafrika" kwa nia ya kuwatukana. Mwandishi wa habari Gianni Minà alimuuliza Troisi kama inamkera kusikia Napoli ikiitwa bingwa wa Afrika Kaskazini. Alijibu kwamba anaona ni heri kuwa bingwa wa Afrika Kaskazini kuliko kutundika mabango ya Afrika Kusini. Wakati huo Afrika Kusini ilikuwa bado chini ya ubaguzi wa rangi. Hakuhangaika kuthibitisha kwamba Napoli si Afrika, wala hakuuona Uafrika kuwa tusi la kujitetea. Aibu aliwarudishia wenye mabango. Mimi jibu hilo nalihesabu pamoja na kazi zake bora.

Nyimbo za filamu zake kadhaa zilitungwa na Pino Daniele, mwanamuziki wa Napoli, rafiki yake, naye mgonjwa wa moyo. Troisi aliandika shairi kuhusu moyo na mapenzi, 'O ssaje comme fa 'o core, Pino akalitilia muziki. Pino naye alikufa kwa moyo, mwezi Januari 2015.

Mwaka 1989, kwenye tamasha la filamu la Venezia, Troisi aligawana Kombe la Volpi la mwigizaji bora na Marcello Mastroianni, kwa filamu ya Ettore Scola iitwayo Che ora è. Ni baba na mwana wanaoshinda siku moja pamoja katika mji wa bandari, wanatafuta la kuambiana. Mastroianni alikuwa na miongo 4 ya sinema nyuma yake. Ukiwatazama wawili hao hutajua nani amemwachia nani nafasi.

Sasa tufike pale kila anayemtaja Troisi anapofika.

Je, wajua kwamba Il postino ilimgharimu muda aliopaswa kuutumia hospitalini? Hadithi inatokana na riwaya ya Antonio Skármeta wa Chile. Riwaya imewekwa Chile. Filamu ikaihamishia kisiwa cha Italia cha miaka ya 1950, ambako mshairi Pablo Neruda anaishi uhamishoni. Kweli Neruda aliwahi kukaa kisiwani Capri mwaka 1952. Mwongozaji alikuwa Mwingereza, Michael Radford. Wasomaji wa Kenya huenda wanaijua filamu yake nyingine, White Mischief ya mwaka 1987, inayohusu walowezi wa Happy Valley na kuuawa kwa Lord Erroll karibu na Nairobi mwaka 1941.

Mwanzoni mwa mwaka 1994 moyo wa Troisi ulikuwa umechoka, na ilijulikana kwamba anahitaji kupandikizwa mwingine. Aliahirisha. Walioshirikiana naye wanasimulia kwamba alitaka filamu hii aifanye kwa moyo wake mwenyewe. Kazi ikaendelea visiwani Procida na Salina, kisha studio za Cinecittà, Roma. Siku nyingi hakuweza kufanya kazi zaidi ya saa moja hivi. Alipohitajika kupanda mlima kwa baiskeli, au kuonekana kwa mbali au kwa mgongo, alisimama mtu mwingine aliyelingana naye kwa umbo. Sehemu nyingi utamwona amekaa, au ameegemea. Ule ukimya wa Mario, tarishi anayemwigiza, na sauti yake ya chini vilitoka kwa mwigizaji aliyekuwa akiipimia pumzi yake.

Mario Ruoppolo ni mtoto wa mvuvi asiyeipenda bahari. Anapata kazi ya posta yenye mpokeaji barua mmoja tu, Neruda. Kwetu barua humsubiri mwenyewe kwenye sanduku la posta, hivyo tarishi anayekuja kwa baiskeli hadi mlangoni tumemwona zaidi kwenye filamu. Mengine hayatupi taabu. Mario anajifunza sitiari ni nini. Anaanza kuziona kila mahali. Anampenda Beatrice, mhudumu wa mgahawa, anamwendea na mashairi ya Neruda kana kwamba ni yake, na mshairi akilalamika, anashikilia kwamba shairi ni la mwenye shida nalo. Pwani yetu, ambako malenga wametungia watu wengine beti za kuposea tangu zamani, sidhani kama Mario angehukumiwa.

Upigaji picha ulikamilika mwanzoni mwa Juni. Siku iliyofuata, tarehe 4, Troisi alijilaza nyumbani kwa dada yake, Ostia, karibu na Roma, na hakuamka. Miezi 3 baadaye filamu ilionyeshwa kwenye tamasha la Venezia. Maiti anayezungumza, namba 48.

Filamu iliteuliwa kwa tuzo 5 za Oscar, ikiwemo ya filamu bora, heshima ambayo filamu isiyo ya Kiingereza haikuwa imeipata kwa zaidi ya miaka 20. Yeye aliteuliwa mara mbili: uigizaji na uandishi. Iliyopatikana ni ya muziki, wa Luis Bacalov.

Na je, wajua ile kanda ya mwisho? Neruda amerudi kwao bila hata kuandika barua. Mario, badala ya kukasirika, anachukua kinasa sauti kilichoachwa, na akiwa na mzee wa posta anazunguka kisiwa usiku na mchana kumkusanyia rafiki yake sauti za mahali alipopasahau. Kila moja anaitaja kwa namba yake. Mawimbi madogo. Mawimbi makubwa. Upepo wa kwenye miamba. Upepo wa vichakani. Nyavu za baba yake zikivutwa. Kengele za kanisa. Mbingu yenye nyota, ambayo haina sauti, lakini ananyanyua kipaza sauti juu na kuirekodi hivyohivyo. Kisha, sauti ya 8, anakiweka kwenye tumbo la Beatrice na kutulia, asikie moyo wa mtoto wao.